Tulivyokwenda Kulipigia Zimwi Ngoma Kisiwani Sado

Tangu turudi, kila nikishika sahani kwenye shughuli yoyote pale Missouri City, mtu anavuta kiti na kuniuliza, "Enhe, Mama Zawadi, Japani kulikuwaje?" Naanza kusimulia, chakula kinapoa, mwingine anaingia katikati na kutaka nianze upya. Rafiki yangu Mama Brian, Mkenya mwenye haraka zake, amesikia mwanzo wa hadithi hii mara tano na mwisho hajausikia hata mara moja. Basi nimekaa nikaiandika yote. Mambo ya viza na tiketi nimeyaruka, maana kila mmoja wetu anayajua na hakuna anayeyapenda.

Kwa asiyemfahamu, Zawadi ni mwanangu. Ana miaka ishirini, anasoma chuo kule Richardson. Mwaka wake wa kwanza aliona tangazo la mafunzo ya ngoma za Kijapani, akaenda kuchungulia, akabaki. Mwalimu wake ni mama wa miaka sabini na ushee aitwaye Haruko, aliyezaliwa kijiji kimoja cha kisiwa cha Sado. Kijijini kwao, mara moja kwa mwaka wakati baridi inapokwisha, zimwi hutoka hekaluni. Msitishike. Ni mtu aliyevaa kinyago chenye pembe na nywele ndefu kama mkia wa farasi. Hucheza mbele ya kila nyumba kwa mdundo wa ngoma, na kazi yake ni kufukuza balaa na kuombea mpunga ustawi. Zimwi la watu hawa ni la heri.

Haruko alipokuwa mtoto, wasichana hawakuruhusiwa kuigusa ngoma ile. Siku hizi vijana wa kijiji wamehamia mijini na mikono imepungua. Kwa hiyo Haruko, ambaye miguu yake haimruhusu tena kusafiri, alimwandikia mdogo wake Yoshio, kiongozi wa ngoma. Alimwomba jambo moja: mwanafunzi wake apige ngoma mbele ya mlango wa nyumba waliyozaliwa, ambako Yoshio anaishi hadi leo. Jibu lilikuwa fupi: "Aje. Tutaona."

Hilo "tutaona" ndilo lililotufungisha safari.

Pearland hadi Richardson

Zawadi alikuwa amekuja nyumbani kufunga mizigo, na ndiye aliyeendesha gari kurudi kaskazini. Kila tuliposimama kwenye taa alipiga usukani kwa vidole, kushoto-kulia, kushoto-kushoto-kulia. Mbele ya Huntsville simu ikalia. Mama Brian.

"Mama Zawadi, ni ukweli naskia? Leave yote umeipeleka Japan?"

"Ndiyo, dada."

"Na home je? Mama yako si atakuuliza? Kwenu ngoma ziliisha?"

"Auntie, uko kwenye speaker," Zawadi akasema.

"Hata vizuri! Wewe msichana, hiyo ngoma ya Japan ina nini? Inakupikia?"

"Hapana, Auntie. But it makes me strong."

"Strong ya kuosha vyombo ama?"

Tulicheka mpaka tukaipita njia ya kutokea tuliyokusudia kwa ajili ya mafuta.

Kwa Haruko tulikuta chai mezani na mwenyewe kavaa sweta jipya, kana kwamba anayesafiri ni yeye. Alimpa Zawadi vijiti viwili vya kulia chakula, akamwambia apige mezani. Zawadi akapiga. Haruko akafumba macho, akatikisa kichwa. "Mkono wa kushoto unasubiri ruhusa. Usisubiri." Wakarudia, wakarudia tena, chai ikapoa. Tulipoaga alimshika Zawadi mkono wa sweta.

"Ngoma iwekwe upande wa kushoto wa mlango," alimwambia kwa Kiingereza ili nami nielewe. "Upepo hutoka kulia pale. Na mdogo wangu Yoshio akikataa, msibishane naye. Mrudi tu, tutakula chakula kizuri hapa."

Alisema hivyo akitabasamu, lakini mkono wa sweta hakuuachia upesi. Nimekuwa muuguzi kwa miaka kumi na tisa. Namjua mtu anayekwambia usijali huku yeye halali.

Uwanja wa ndege wa Dallas–Fort Worth

Mvua ya mawe ilianza tulipokuwa tumekwisha kukaa getini. Mliokaa Texas mnajua: mbingu inakuwa ya kijani, kisha inakuwa kama mtu anamwaga kokoto juu ya bati. Ndege zote zikasimama. Tulikaa saa nne, na hapo ndipo nilipopiga hesabu na kuona kwamba tungefika kijijini jioni ya kuamkia sikukuu yenyewe, tukijaliwa. Siku ya ziada tuliyoiweka ilikuwa imekwenda na mvua.

Pembeni yetu alikaa Papa Célestin, Mkongo anayesukuma viti vya magurudumu vya wasafiri wasiojiweza. Alisikia Kiswahili chetu, akasogea.

"Mama, munaenda wapi na hii mvua?"

"Japani, Papa. Binti yangu anakwenda kupiga ngoma."

Akamtazama Zawadi, akanitazama mimi. "Ngoma? Ngoma yenye tunajua, ama ingine?"

"Nyingine. Ya Wajapani."

"Eeeh! Maji iko kwenu kwa mlango, nanyi munaenda kuchota Japon!" Akapiga paja lake. Kisha akamwambia Zawadi, "Haya, piga kidogo nisikie."

Zawadi akaona haya, lakini akapiga kwenye sanduku lake. Papa Célestin akasikiliza kwa adabu, kisha naye akajibu kwa viganja kwenye kiti tupu cha magurudumu. Wakaendelea hivyo, mmoja akiuliza, mwingine akijibu, hadi mama mmoja Mmarekani aliyekuwa amelala akaamka, akatabasamu, akalala tena. Redio ya Papa Célestin ikamwita kazini. "Mama, mutoto huyu anajua kusikiliza," aliniambia akiondoka. "Kupiga, kila mutu anapiga."

Mama wenzangu, niliyabeba maneno hayo saa kumi na tatu za angani.

Tokyo hadi Niigata

Treni ya Kijapani haikungoji na haikufukuzi. Inaondoka tu. Tulinunua vyakula vya sandukuni stesheni: wali, kipande cha samaki, yai, vitu vya rangi nisivyovijua, vyote baridi. Nilimuuliza Zawadi kama kuna pa kupashia moto. "Mama, ndivyo kinavyoliwa." Nikala. Na niseme haki, yule samaki alikuwa mtamu kuliko wengi niliowahi kula moto.

Humo ndani ndipo tulipogundua jambo ambalo Haruko hakutuambia, pengine kwa kuwa hata yeye halijui. Zawadi alimuuliza bibi wa kiti cha jirani kama dirisha linafungwa kwa pazia. Bibi akashika mdomo. Mume wake akageuka. Vijana wawili wa nyuma wakasimama kutazama anayesema ni nani. Wakaanza kucheka, kicheko cha kupenda.

"Nimesema nini?" Zawadi akauliza.

Yule bibi akamweleza polepole. Zawadi hakuwa amekosea. Ila alikuwa anaongea kama bibi wa Sado wa miaka sitini iliyopita. Kijapani chake chote amekifunza kwa Haruko, na Haruko aliondoka kisiwani akiwa msichana. Fikirieni mtoto wa Kijapani akishuka Dar es Salaam mwenye lafudhi na misemo ya marehemu nyanya yako. Bibi yule alimfanya Zawadi aseme "asante", "karibu", "nimeshiba" na "mvua inakuja", na kila neno lilimtoa machozi. Mwisho akatupa machungwa matatu na kumwambia Zawadi, "Mara ya mwisho kuyasikia hayo, mama yangu alikuwa hai."

Zawadi alishuka Niigata akiwa ameyapakata machungwa yale.

Bandarini Niigata

Meli ya asubuhi ilikuwa imefutwa. Upepo. Ya mchana ikawa "tutatangaza". Nje bahari ilikuwa imesimama wima, na sikukuu ilikuwa kesho. Nilianza kutembea huku na huko kama ninavyofanya hospitalini mgonjwa akichelewa kutoka chumba cha upasuaji.

"Mama, kaa chini. Unani-stress."

Nikakaa, karibu na mwanamke wa makamo aliyekuwa akizitazama nywele za Zawadi tangu tuingie. Kumbe ni msusi, ana saluni yake kisiwani. Aliuliza misuko ile ilichukua muda gani.

"Saa saba," Zawadi akamjibu.

"Saba! Wateja wangu wakifika dakika hamsini wanatazama saa!" Akaomba ruhusa, akashika msuko mmoja, akaugeuza, akaufuata hadi kichwani kama fundi anayekagua kazi ya fundi mwenzake. Nilimpenda papo hapo.

Alipouliza tunakwenda kwa nani na kusikia jina la Yoshio, aliuachia ule msuko. "Yoshio mwenye ngoma? Mwaka juzi binti yangu aliomba kupiga filimbi tu. Filimbi. Alimwambia, 'Tutaona.' Mpaka leo anaona."

Zawadi alinitafsiria hayo bila kunitazama.

Meli iliondoka saa kumi alasiri. Daraja letu halikuwa na viti, bali zulia, na kila mtu alivua viatu akajilaza kama yuko kwao. Mimi nililala chali, nikashika reli, nikasali sala zote ninazozijua na nyingine nilizozitunga.

Kwa Yoshio na Fumi

Yoshio alikuwa anatungoja bandarini na gari dogo la mizigo. Mfupi, mkavu, kofia imeshuka hadi kwenye nyusi. Zawadi akamsalimu kwa kuinama, kwa Kijapani chake kile. Yule mzee akasimama kama aliyekanyaga msumari. Sauti ya dada yake ilikuwa imetoka kinywani mwa binti wa Kitanzania. Kisha akabeba masanduku yote mawili hadi kwenye gari.

Mke wake, Fumi, ana ucheshi wa kuwatosha wote wawili. Alituwekea wali mwekundu uliopikwa na maharage madogo. Nikaonja, nikamwambia Zawadi, "Mwambie huu ni wali wa kunde. Kasoro nazi." Fumi akataka kujua nazi inaingia lini, kabla ya maji au baada. Tukaelezana kwa mikono, kwa vijiko na kwa simu inayotafsiri, na nusu saa baadaye sikuwa mgeni tena katika jiko lile.

Baada ya kula Yoshio akatoa neno lake. Kesho Zawadi atajaribiwa kwanza kwenye lango la shule iliyofungwa, ambako siku hizi hakuna wa kulipokea zimwi. Akipiga vizuri hapo, tutaona habari za nyumbani.

Lango la shule

Asubuhi ilikuwa baridi na nyeupe. Ngoma ilibebwa kwa mti mabegani mwa watu wawili, zimwi likatangulia, sisi nyuma. Kila mlangoni mwenye nyumba hujitokeza, hukaribisha, zimwi hucheza, kisha hutolewa vyakula na pombe ya mchele. Mlango wa tatu nilishajua kufunika kikombe changu kwa kiganja na kusema "chai".

Tukafika shuleni. Yoshio akampa Zawadi vijiti.

Wazazi mtanielewa. Nilikuwa nimemwona akipiga ukumbini Richardson, lakini sikuwahi kumwona hivi. Miguu kaipanua, mgongo umenyooka, mkono wa kushoto hauombi ruhusa kwa mtu. Zimwi lilikuwa likiicheza ngoma ya wanaume wale asubuhi nzima kama mtu aliye kazini. Kwa Zawadi likachangamka. Likaruka, likatikisa nywele, likamwendea hadi usoni, naye hakurudi nyuma hata nusu hatua. Kifua kikanijaa. Nikafanya ambalo kila mmoja wenu angelifanya.

Nikapiga kigelegele. Kirefu. Kile cha harusi ya mtoto wa kwanza.

Zimwi likasimama mguu mmoja juu. Filimbi ikakatika. Mlango wa jirani ukafunguka, akatoka mzee wa zimamoto na sanduku la huduma ya kwanza, mbio, akaniuliza nimeumia wapi. Mwingine akanishika kiwiko anikalishe. Wote walidhani kijiti kimechomoka kikanipiga. Na katika mshtuko huo Zawadi akageuka kunitazama, na ngoma ikanyamaza.

"Mama!" alisema. "Mama, why?"

Yoshio akamwendea taratibu, akanyoosha mkono, akavichukua vijiti. Hakufoka. Alisema, na Zawadi akanitafsiria kwa sauti ndogo, "Ngoma ikinyamaza katikati, balaa linaachiwa lango wazi." Akampa kijana mwingine, lango la shule likarudiwa tangu mwanzo.

Nilitamani zulia la meli linimeze. Mtoto amesafiri nusu ya dunia, na aliyemharibia ni mamaye mzazi. Nikamwambia Zawadi anifasirie, nikamfuata Yoshio njiani.

"Mwambie kosa ni langu. Mwambie kwetu mtoto akifanya jambo kubwa na mama akakaa kimya, watu huuliza kama mtoto huyo ana mama."

Yoshio alisikiliza hadi mwisho. "Kwetu," akajibu, "mama hukaa kimya ili mtoto asikike."

Yote mawili ni kweli.

Nyumba kwa nyumba

Niliingia kundi la wanawake, nikabeba masufuria, nikapanga vikombe, nikafunga mdomo. Nyumba zikapita, kumi, ishirini. Zawadi alitembea nyuma ya ngoma mikono mitupu. Hakulalamika. Alikuwa anasikiliza, na nilimwona akihesabu mapigo ya wenzake kwa kidole kwenye paja.

Fumi akanisogelea, akaongea na simu yake, simu ikaniongelea kwa Kiingereza cha ajabu. Kwa Kiswahili chetu ilikuwa hivi: Haruko alipokuwa msichana alikuwa akijifunza ngoma kwa siri nyuma ya ghala la mpunga. Siku moja baba yao akaambiwa, akamnyang'anya vijiti mbele ya watu. Aliyekwenda kusema alikuwa mdogo wake, mwenye miaka minane. "Hajawahi kumwomba radhi," Fumi akasema. "Hajui aanzie wapi. Kila mwaka tukifika na ngoma nyumbani kwetu, hukohoa tu."

Nyumba hiyo ndiyo iliyofuata.

Watu wakaiweka ngoma chini. Zawadi akamnong'oneza mbebaji, wakaihamishia kushoto kwa mlango. Yoshio akaona. Akavichukua vijiti kwa yule kijana, akaviweka juu ya ngozi ya ngoma, akazunguka nyuma ya nyumba, akapotea. Fumi akamfuata. Mlango wa mbele ulikuwa umefungwa, hakuna wa kukaribisha, na hakuna aliyejua vijiti ni vya nani. Zimwi lilihema ndani ya kinyago. Wanaume wakatazamana.

Zawadi akanitazama. Nikayatazama mawe ya njia.

Akavichukua.

Alianza chinichini, kama mtu anayebisha hodi. Filimbi ikamfuata. Zimwi likaingia uwanjani. Mlango ukabaki umefungwa, naye akapiga hivyo hivyo, akaupigia mlango uliofungwa bila haraka na bila kulegea, upepo ukitoka kulia kama tulivyoambiwa. Nami nikasimama mdomo nimeuziba kwa viganja viwili.

Mlango ukafunguka. Yoshio alikuwa amepiga magoti kizingitini, Fumi kando yake. Koti la sikukuu alikuwa amelivua. Alivaa suti nyeusi na tai, nywele zimelowa maji na kuchanwa, kama mtu anayepokea posa. Hakutoka pale kama kiongozi wa ngoma. Alikuwa mwenye nyumba, analipokea zimwi lililoletwa na mgeni wa dada yake. Akaweka viganja vyote viwili sakafuni na kuinamisha kichwa hadi vikagusana, na zimwi likamtikisia nywele mgongoni, na ngoma haikunyamaza.

Alipoinuka, uso ulikuwa umelowa. Zawadi akapiga pigo la mwisho, akainama. Hakuna aliyesema "vizuri", hakuna aliyepiga makofi. Yoshio akasimama, akaufunga mlango.

Tulingoja. Dakika mbili hivi baadaye akatokea nyuma ya nyumba, koti la sikukuu mwilini, kofia kwenye nyusi. Zawadi alikuwa amemnyooshea vijiti kwa mikono miwili, kuvirudisha. Yoshio akavipita kana kwamba havioni, akashika njia.

"Mnangoja nini?" alisema bila kugeuka. "Bado nyumba kumi na moja."